Kiti Kilichopumua

Nyie vijana mnaorekodi ibada na harusi hapa Bellevue, haya ni yenu. Najua baadhi mtasomewa na mama zenu, maana Kiswahili mnakisikia vizuri ila mkipewa ukurasa mnaanza kupiga miayo. Si neno. Jumamosi iliyopita nilikaa nyuma yenu mkiunganisha video ya harusi ya binti wa jirani, na mmoja wenu akataka kufuta zile sekunde za mwisho, ambazo mpiga picha alidhani ameshazima kamera kumbe bado inachukua. Nikamdaka mkono. Mkacheka, mkasema anko ameanza. Haya, anko ameanza, tulieni.

Kwa miaka ishirini na mbili nilikarabati filamu za zamani kwenye karakana moja ndogo kule Kensington, mtaa wa mji huuhuu wetu, ghorofani, juu ya duka la taa. Msifikirie filamu za mapigano. Zilikuwa filamu za nyumbani, fupi fupi, dakika mbili au tatu, hazina sauti wala rangi, zilizopigwa na watu wenye nafasi zao wakati kamera ya nyumbani ilikuwa jambo jipya mjini. Baba anajaza kiko. Mama anakata keki. Mtoto analishwa uji, anautema, analishwa tena. Mbwa anapita, anafukuzwa. Basi, imekwisha. Wajukuu walizikuta kwenye dari za nyumba za wazee wao, zimejikunja na kunuka siki, wakatuletea.

Siki nasema kweli. Mkanda wa filamu ukianza kuoza unanuka siki, na ukishazoea kazi unasimama mlangoni tu unajua kopo lipi lina ugonjwa. Mke wangu alinivua shati nje kabla sijaingia chumbani. Alisema nanuka kachumbari.

Aliyenifundisha ni Mkongo wa Lubumbashi, Papa Ilunga, mtu mfupi aliyevaa miwani juu ya miwani. Siku ya kwanza niliweka mkanda kwenye mashine, nikashika mpini ili nianze kuzungusha, akanichapa kofi mkononi.

"Weye unaingia tu? Kwa nyumba ya bantu?"

"Nyumba gani, Papa?"

"Hii." Akanyooshea kidole mkanda. "Bako kwa meza, banakula, weye unaingia bila hodi. Na bote balisha kufa, petit. Piga hodi."

Bantu kwao ni watu, na petit ni mdogo wangu. Nilidhani ananitania. Kumbe mwenyewe, kila filamu, kabla ya kuzungusha alivua kofia na kusema bonjour kwa sauti ya chini. Nami nikazoea kusema hodi. Kinachonisumbua mpaka leo ni kwamba mara nyingi, ukishasema hodi na kuanza kuzungusha, mtu mmoja ndani ya picha anageuza shingo na kukutazama. Najua alikuwa anamtazama mwenye kamera. Najua vizuri sana. Lakini mkae nyie peke yenu na mtu aliyekufa anayewatazama, halafu mje mnieleze mnachokijua.

Ufundi wenyewe si mgumu kama una subira. Mkanda una pande mbili, na upande wenye picha haupaswi kuguswa. Kuutambua, unagusisha ncha yake kwenye mdomo uliolowa: upande wa picha unanata, ule mwingine unateleza. Vitundu vya pembeni, ambavyo meno ya mashine hushika, unavipapasa kwa vidole viwili huku ukitazama kwingine, kwa sababu kidole hugundua mpasuko kabla ya jicho. Glovu za pamba zinapendeza mbele ya wateja, ila nyuzi zake hunasa kwenye vitundu vilivyochanika. Papa Ilunga alizivaa wateja wakipanda ngazi na kuzivua wakishuka.

Halafu kuna mwendo. Kamera nyingi za wakati ule zilizungushwa kwa mkono, mizunguko miwili kila sekunde, kwa hiyo na wewe unamfuata yule aliyezungusha. Mwezi wangu wa kwanza alikuja mama mmoja kumwona babu yake akila chakula cha mchana, nami nikazungusha kama nasaga nyama. Babu akala kama kuku. Mama wa watu akacheka, nikacheka naye. Alipoondoka Papa Ilunga alininunia mpaka jioni, ndipo akasema, "Ulimufanya ule muzee mupumbafu mbele ya mujukuu yake." Niliona haya kweli. Tangu siku hiyo nikawa nahesabu kimoyomoyo.

Jambo moja sikulizoea kamwe. Ndani ya nyumba mwanga haukutosha kwa kamera zile, kwa hiyo watu walihamishia sebule yao uani. Zulia juu ya majani, meza, viti, saa ya ukutani imetundikwa kwenye ubao, na taa ambayo hakuna aliyeiwasha. Unatazama chumba cha kulia, kila kitu mahali pake, kisha kitambaa cha meza kinapepea. Nywele za mama zinapepea. Kivuli cha ndege kinapita juu ya sahani na hakuna anayeinua uso. Wanaendelea kula ndani ya nyumba isiyo na paa, midomo inasema maneno usiyoyasikia, na wewe umekaa pale na mpini wako, mgongo unakusisimka saa nne asubuhi.

Sasa nifike kwenye kosa langu. Ililetwa filamu ya nyumba moja ya hapohapo Kensington. Mjukuu wa familia alikuwa anauza nyumba na alikuta kopo kabatini. Ilikuwa ya dakika mbili. Sebule imetolewa uani, jua kali. Katikati kuna kiti kikubwa chenye mikono, kimefunikwa pazia la maua mpaka chini, na juu ya kiti kuna mtoto wa miezi sita au saba mwenye gauni refu jeupe. Mama yake, kwa pembeni, anamlisha kwa kijiko. Hakuna kingine.

Nikapiga hodi, nikazungusha. Mtoto akateleza kidogo upande wa kushoto. Kiti kikamrudisha.

Nikasimamisha. Nikarudisha nyuma, nikazungusha upya polepole. Mtoto aliteleza, na mkono wa kiti, chini ya pazia, ukasogea ukambana. Nikamwita Papa Ilunga. Aliinama juu ya kioo cha mashine muda mrefu, miwani yake yote miwili ikigusa. Upepo ulikuwa unapeperusha kila kitu kuelekea upande mmoja, kitambaa cha meza, gauni la mtoto, nywele. Maua ya pazia hayakuufuata. Yalipanda, yakashuka. Yakapanda, yakashuka.

"Kiti haipumuke," akasema. Akavaa kofia yake. "Hii mi siguse, petit. Malizia weye."

Nikabaki nayo peke yangu. Sina haja ya kujitia ushujaa mbele yenu: niliogopa. Redio ya duka la taa ilikuwa inapiga chini yangu, magari yanapita barabarani, na mimi, mtu mzima, natishwa na kiti. Nilitaka kazi ile initoke mikononi.

Mwisho wa kila mkanda wa namna ile huwa umeunguzwa na mwanga ulioingia wakati wa kuutoa kwenye kamera. Picha zinafifia na kuwa nyeupe. Desturi yetu ilikuwa kuikata sehemu hiyo, lakini Papa Ilunga alisisitiza uitazame kwanza, picha moja baada ya nyingine, ndipo ushike mkasi. Siku ile sikutazama. Niligeuza uso pembeni, nikakata kipande cha kama futi moja, nikakitupa kwenye kopo la biskuti, nikaifungia filamu kabatini.

Kopo lile halikuwa la takataka. Kila filamu inahitaji mkia, yaani kipande kisicho na faida kinachoungwa mwanzoni na mwishoni ili mashine ipate pa kushika bila kuumiza picha zenyewe. Mikia mipya iliagizwa mbali na ilichelewa, kwa hiyo tulichukua vipande vya kopo tukaviunga kwenye filamu za wateja wengine. Hakuna aliyetazama kipande kina nini wala kimeelekea wapi. Nani anatazama mkia? Filamu ikiisha, mtu anazima mashine.

Baada ya wiki kadhaa akapiga simu bwana mmoja mstaafu tuliyemtengenezea filamu ya sikukuu ya kuzaliwa ya baba yake. Alikuwa amechelewa kuzima mashine yake.

"Nani huyu mwanamke mliyetuwekea?" aliuliza. "Baba yangu anapuliza mishumaa, inaisha, halafu anakuja mwanamke ananing'inia kichwa chini. Anacheka. Kisha kitambaa kinashuka kinammeza. Mke wangu hataki tena kuingia sebuleni."

Nilimwambia ni uchafu wa mkanda tu, akate hapo mwisho kwa mkasi wa jikoni. Nilipokata simu nilicheka mpaka nikajifuta machozi. Nikamsimulia Papa Ilunga. Yeye hakucheka.

Wiki ileile bibi mmoja, Gogo Lindiwe kama bibi anavyoitwa kwa Kizulu, akapanda ngazi zetu. Alitoka Soweto kwa taksi mbili, amevaa sare ya akina mama wa kanisa, nyeupe na nyekundu, na alikuwa ameshapita miaka sabini na tano. Mjukuu mwenye nyumba ndiye aliyemtuma aje aione filamu kabla haijachukuliwa, kwa sababu mama yake Gogo alikuwa mtumishi wa nyumba ile. Aliongea Kizulu na Kiingereza kwa pamoja, nami nawaandikia kwa lugha yetu.

Tukamkalisha mbele ya ukuta mweupe, tukafunga mapazia, nikawasha mashine. Sebule ikatokea, na upepo wake. Nilimtazama yeye badala ya ukuta. Macho yake yalimpita mtoto, yakampita mama mwenye kijiko. Akanyanyuka, akasogea mpaka ukutani, akaweka kiganja juu ya kiti.

"Huyu hapa," akasema.

"Nani, Gogo?"

"Mama yangu."

Papa Ilunga akavua kofia. Maua ya pazia yalikuwa yanapanda na kushuka juu ya vidole vya yule bibi.

"Alikufa nikiwa na miaka minne," alisema bila kugeuka. "Sura yake siikumbuki. Picha hakuwahi kupigwa hata moja. Mama mdogo aliyenilea ndiye aliyenisimulia. Walimfunika pazia wakamwambia awe kiti, mtoto asianguke. Wakamkataza kupumua kwa nguvu. Walipomaliza wakalivuta pazia, akacheka, na kamera ilikuwa bado inazunguka. Uso wake umo humu, mwishoni. Nimekuja kwa ajili ya huo uso. Endelea, mwanangu."

Filamu ikaendelea. Kijiko kikaenda mdomoni, kikarudi. Kikaenda tena. Kisha ukuta ukawa mweupe.

"Mwisho uko wapi?" Gogo aliuliza.

Papa Ilunga alinigeukia, akaniuliza taratibu, "Ulitazama mbele ya kukata?"

Nisingependa yeyote kati yenu aulizwe swali lile na mtu aliyemfundisha kazi. Nilimwaga kopo la biskuti sakafuni, nikapiga magoti, nikapitisha kila kipande mbele ya dirisha. Ngazi, farasi, vidole vya mtu, bahari. Uso hakuna. Gogo alikaa kwenye kiti chake, mkoba mapajani, akinitazama nikitambaa. Hakunitukana. Afadhali angenitukana.

Ndipo ikanijia ile simu. Mwanamke anacheka. Kitambaa kinammeza. Tulikuwa tumemwunga kwa yule mstaafu, mbele nyuma na juu chini.

Nikapiga simu. Akapokea yeye mwenyewe.

"Kile kipande," nikasema. "Umekikata?"

"Nimekikata kama ulivyosema. Mke wangu anataka kichomwe. Nimeshawasha mkaa wa braai wa kuchomea nyama, nangoja ushike tu."

"Mzee, usichome! Nakuomba! Nakuja!"

Nilikimbia. Mtu wa miaka hamsini mwenye kitambi, na koti la kazi linanuka siki, nikikimbia barabara kuu ya Kensington mchana kweupe. Sikungoja hata robot, zile taa za barabarani, iwe ya kijani, na dereva mmoja wa taksi alinipa maneno ambayo siyaandiki humu kwa sababu mnasomewa na mama zenu. Nilipofika moshi ulikuwa unapanda nyuma ya nyumba. Mstaafu alikuwa amesimama kando ya moto na koleo la kugeuzia nyama, na kwenye koleo ameshika gazeti lililokunjwa. Hakutaka kuligusa kwa mkono. Alininyooshea hivyohivyo, kwa koleo, huku mkewe akichungulia dirishani.

"Ni nani?" aliniuliza.

"Ni mama wa mtu," nikamwambia, nikageuka nikaanza kukimbia tena.

Kipande kilikuwa na urefu wa futi moja hivi, kimekunjwa mara moja, na mkasi wa jikoni ulikuwa umekata picha moja katikati. Papa Ilunga alikinyoosha kwa kiganja chenye joto, akaunga ukanda mtupu huku na huku, kisha akaniachia nikiweke kwenye kioo chetu kidogo cha kukagulia, kile cha kuzungusha kwa mkono, chenye ukubwa wa pakiti ya majani ya chai. Sekunde mbili na nusu, zaidi ya hapo hapana. Gogo alisogeza kiti chake mpaka nikasikia pumzi yake shavuni. Nikasema hodi, nikazungusha.

Nilikuwa nimekiingiza kuanzia mwisho. Miaka yote ile ya kazi, na siku ile nikakosea kitu ambacho mwanafunzi wa wiki moja hakosei. Weupe ukafunguka, uso ukatokea ndani yake, kichwa chini, unacheka, na kabla macho hayajaushika, pazia likaruka kutoka juu, likashuka magotini, kifuani, likaufunika. Maua yakatulia. Kikabaki kiti.

Gogo aliushika mkono wangu juu ya mpini. Kucha zake ziliingia.

"Mmemfunika," alisema. "Mmemfunika tena."

"Nisamehe, Gogo. Ni mimi. Nimekosea upande."

"Mtoe."

Papa Ilunga alinong'ona, "Pole pole, petit. Geuza."

Nikakitoa kipande, nikakigeuza, nikakiingiza upya. Hesabu yangu ya mizunguko ilinipotea kabisa. Nilizungusha polepole kuliko nilivyowahi kuzungusha, picha moja, nyingine, nyingine, mkono wa Gogo ukiwa bado juu ya mkono wangu, kwa hiyo nadhani tulizungusha wote wawili. Kiti. Maua. Mkono wa mtu asiyeonekana unashika pindo la pazia. Pazia linavutwa, linashuka, kipaji cha uso, macho yaliyofinywa kwa jua, meno. Amemshika yule mtoto mzungu kifuani na anacheka na mtu aliye nyuma ya kamera. Mwanga ulikuwa umeshaanza kula pembe za picha, lakini uso haukuwa umefikiwa bado.

Nikasimamisha hapo.

Tulikuwa tunamtarajia mwanamke mzima. Gogo naye, kwa maisha yake yote, alimfikiria mama mzima, kwa sababu mama mdogo alimwambia mama yako, mama yako. Aliyekuwa kwenye kioo hakuzidi miaka kumi na mitatu. Shingo nyembamba, kichwa kimenyolewa, gauni la kazi la mtu mkubwa limekunjwa mikono mara tatu.

"Eish," Gogo alisema. "Ni mtoto. Wamefunika mtoto."

Alivua miwani yake, akaifuta kwa ncha ya blauzi ya kanisa, akaivaa, akainamia kioo mpaka paji lake likakaribia kukigusa. Kisha akazungumza na mama yake kwa ile sauti ambayo bibi humwitia mjukuu aliyechelewa kurudi ndani.

"Woza, mntanami," alimwambia. Njoo, mwanangu.